Ratiba ya Siku Moja

Saa moja kamili nimefika hotelini, chini ya stesheni.
Mgeni yuko kibarazani tangu alfajiri,
mkoba magotini, na ratiba niliyomwandikia
kaikunja mara nne kama hirizi.
Bi. Chizuko, mpishi wa shule aliyestaafu,
katoka mji wa pwani huko Japani.
Kiswahili kakisomea redioni miaka kumi na mmoja;
kinamtoka kimenyooka, kama shati la Ijumaa.

Saa mbili: Ujiji, msikiti wa zamani.
Nilikuwa na hotuba yangu juu ya viatu,
naitoa kwa kila mgeni, na kicheko chake mahali pake.
Nageuka: viatu vyake vimekwisha panda ukingoni,
pua zimetazama njia ya kurudi.
Akasimama mlangoni, hakuingia, hakupiga picha.
"Kwetu mahekalu yana harufu ya mbao mbichi," alisema.
"Hapa pananukia mikeka."
Nilipita pale miaka thelathini.
Siku hiyo ndipo nilipoinusa mikeka.

Saa nne: ufukwe.
Alichota maji kwa kiganja, akaonja, akatema,
akacheka peke yake.
"Mawimbi yote haya, na chumvi hakuna!"
Ng'ambo milima ya Kongo ilikuwa ya kijivu,
nami nikaanza kutaja kina cha ziwa, mita kwa mita,
kwa kuwa mita ndizo ninazolipwa.

Kibirizi, saa tano na nusu. Hapa ratiba ikavunjika.

Dagaa wameanikwa, eneo zima linameremeta,
akina mama wanawageuza kwa fagio.
Bi. Chizuko akachutama, akaokota mmoja,
akamng'oa kichwa kwa ukucha, akamtoa utumbo,
upesi, bila kutazama, kama mtu anayefunga kifungo.
Mama Ntibona, mwenye uchanja, akaacha fagio.
"Huyu nani kamfundisha?"
Kumbe kwao supu haianzi bila samaki wa namna hii,
na kichwa kikibaki, inakuwa chungu.

Mama Ntibona akainama, akapiga makofi taratibu,
viganja vikigusana kama vinaogopa kuamsha mtoto:
"Mwakeye."
Mgeni akainama.
Mama akashuka zaidi, makofi yakiendelea.
Mgeni akashuka zaidi.
Walishuka hivyo hadi khanga ya mmoja na kofia ya mwingine
vikakaribia mchanga, na hakuna aliyetaka
kuwa wa kwanza kunyooka.
Vijana wa mitumbwi walikaa kimya.
Vijana wale, ambao hawanyamazi hata msibani.

"Anasema nini?" aliniuliza akiwa bado chini.
Mimi mtoto wa Mwanga, baba Muha, mama Mmanyema,
Kiha changu kinaishia sokoni.
Nikasema: "Anasema karibu Kigoma."
Kisha nikatazama saa, nikasema chakula kinapoa.

Ugali wa muhogo, migebuka ndani ya mawese.
Alikula kwa mkono, mafuta yakamfika kiwikoni,
akanyonya mifupa mpaka ikawa sindano.
Akaandika kitu daftarini, mistari ikishuka chini kama mvua.
Nikampa risiti. Akaipokea kwa mikono miwili.

Jioni tunaosha gari, mimi na Kazumari dereva,
mtu wa Kasulu, mchache wa maneno.
Nikamuuliza kama anamuuliza mtu mwingine:
yule mama, pale kwenye dagaa, alikuwa anasemaje?

Kazumari akakamua tambara.
"Alimuuliza kama wameamka salama kwao.
Akauliza watoto. Akauliza mvua, akauliza mavuno.
Alikuwa amefika kwa waliokufa,
ndipo ukamwita mgeni garini."

Sakafuni palikuwa na kichwa cha dagaa, kidogo,
jicho wazi.
Sikukifagia.
Kesho nina Wajerumani wanne, saa moja kamili.
Nitapitia Kibirizi kwanza, kabla yao,
ingawa sijui mtu anaanzia wapi
salamu aliyoikata mwenyewe.